Mito ya Magoti ya Eliwaza

Mimi ni fundi seremala, na kazi yangu kubwa hapa Mhezi ni kuwakalisha watu. Mabenchi yote ya kanisani kwetu nimeyatengeneza mimi, kwa mbao za mgrivea, na kama mtu anaumwa mgongo katikati ya ibada basi alaumu urefu wa mahubiri, benchi langu asiliguse. Lakini kuwapigisha watu magoti si kazi yangu. Hiyo ni ya Eliwaza.

Mbele ya kanisa letu kuna uzio wa mbao unaozunguka madhabahu. Chini ya uzio huo kuna ubao mpana, na juu ya ubao kuna mito. Hapo ndipo washarika hupiga magoti siku ya Chakula cha Bwana. Hapo watoto wa kipaimara huwekewa mikono, hapo maharusi hubarikiwa, na hapo pia mtu aliyetengwa hupiga magoti siku anaporudi kundini. Uzio na ubao ni kazi ya mikono yangu. Mito yote imeshonwa na Eliwaza, na kwa miaka mingi ameishona huku yeye mwenyewe haruhusiwi kuipigia goti kanisani.

Hilo ndilo ninalotaka kulieleza, na nitajitahidi nisikasirike mapema.

Eliwaza alizaliwa Bombo, akaolewa huku kwetu na Elinaza, mtu mpole aliyelima tangawizi na kuongea kwa nadra. Alikuja na cherehani ya mkono aliyoachiwa na shangazi yake, na haukupita muda mrefu kabla watoto wa Mhezi hawajaanza kwenda shule na kaptula na sketi zilizopita kwenye cherehani ile. Mito ya kanisa alianza kuishona kwa hasira. Jumapili moja alimwona bibi mmoja akishindwa kuinuka baada ya kupokea Chakula cha Bwana, kwa sababu mto ulikuwa wa sponji na sponji yenyewe ilikuwa imelala kama chapati. Eliwaza alitoka nje akawaambia wazee wa kanisa, "Mtu amemjia Mungu na magoti mabovu, halafu mnampigisha kwenye ubao mtupu?" Hakungoja kujibiwa. Wiki iliyofuata mito ilikuwa nyumbani kwake imepasuliwa yote.

Yeye alitaka sufi, ile inayotoka tambarare kwenye joto. Aliichambua mbegu kwa vidole, akaipiga kwa fimbo nyembamba mpaka ikaumuka, akaishindilia ndani ya foronya kwa mpini wa mwiko, kisha akafunga mdomo wa mto kwa shazia, ile sindano nene ya kushonea magunia. Halafu akajaribu. Hakuna mto uliotoka mikononi mwake kabla hajaupigia goti yeye mwenyewe na kulitikisa goti huku na huku, akitafuta mbegu iliyojificha. Zamani majaribio hayo aliyafanya kanisani, juu ya ubao wenyewe. Alipotengwa akawa anakuja karakanani kwangu. Nilimwekea kipande cha ubao uleule, naye akawa anapiga magoti katikati ya maranda, amefumba macho, anatikisa goti. Wapita njia walidhani nimeanzisha kanisa langu.

Sasa nieleze alivyotengwa.

Yeye na Elinaza walikuwa na mtoto mmoja tu aliyekua, Diana. Diana alishuka Ndungu, kule tambarare, kuuza kwenye duka la pembejeo, akakutana na Yunus, kijana wa Kiislamu mwenye mashamba ya mpunga na adabu nyingi kuliko vijana wengi tunaowabariki hapa kila Desemba. Wakapendana. Yunus akaleta posa kwa heshima zote, akifuatana na mama yake, Bi Zaituni. Elinaza alimtazama binti yake akauliza, "Unamtaka?" Diana akasema anamtaka. "Basi," akasema Elinaza, na kwa mtu kama yeye hiyo ilikuwa hotuba.

Bi Zaituni alikuja na mkaja, ile zawadi anayopewa mama wa binti kwa kumbeba tumboni na kumlea. Ilikuwa doti ya khanga, nyekundu na nyeupe, bado inanukia duka. Aliiweka mwenyewe mikononi mwa Eliwaza, na Eliwaza akaipokea. Ungetaka afanye nini, aitupe chini?

Kabla ya harusi Naftali alikwenda kumwona. Naftali ni mwenyekiti wa baraza la wazee wa kanisa, na alikuwa ndugu wa ukoo wa Elinaza, walikua pamoja. Si mtu mbaya, ingawa kulisema hilo kunanipa taabu. Alimwambia Eliwaza, "Shemeji, ukikanyaga Ndungu kwenye ile ndoa, umejitenga mwenyewe. Sitaweza kukutetea." Eliwaza aliogopa. Siku ya harusi Elinaza alivaa koti lake akashuka peke yake. Eliwaza alifunga mlango na madirisha akakaa jikoni, na majirani walipobisha hodi hakuitika. Huko Ndungu, Diana alikuwa anaangalia mlangoni mpaka shughuli ikaisha. Hilo nililisikia kwa Elinaza mwenyewe, na alipolisema aliinamisha uso.

Halafu baraza likawatenga wote wawili. Mume kwa kwenda harusini, mke kwa kupokea mkaja. Sisi Wapare tunataniwa kwamba tunapenda kesi kuliko chakula, na baraza lile liliijadili doti moja ya khanga mpaka makande yakaungulia jikoni kwa mwenyekiti. Mwisho wakaamua kwamba aliyepokea mkaja ndiye aliyemtoa binti. Kwa hiyo Eliwaza aliikosa harusi ya mwanawe kwa ajili ya kanisa, na kanisa nalo akalikosa. Nikilikumbuka hilo nikiwa kazini napiga msumari mpaka unapinda.

Kurudi kundini si jambo gumu kwa watu wengi. Wanaume kibao wa hapa wametengwa kwa kukaa na wake zao bila ndoa ya kanisani. Siku ikifika wanaulizwa kama wanakiri, wanasema wanakiri, wanapiga magoti, na mchana wanakula nyama. Lakini hao wanaulizwa habari za uvivu wao. Eliwaza alitakiwa akiri kwamba kumpa mwanawe mume ni dhambi, na hilo lilimkwama kooni mwaka baada ya mwaka.

Elinaza alifariki kabla hajarudi kundini. Kwetu msharika akifa kengele ya kanisa hupigwa polepole, na walioko mashambani husimama na majembe yao kuulizana ni nani. Jeneza lake nililitengeneza mimi. Watu walijaa. Naftali alikuja, akachimba kaburi, akalia kwa sauti kuliko wafiwa. Lakini kengele haikupigwa, na mchungaji wa wakati ule hakuja, kwa sababu utaratibu ni utaratibu. Eliwaza alikaa mkekani na wanawake wenzake, kichwa amekiinua kuelekea upande wa kanisa. Walimbembeleza alie kidogo apate nafuu. Hakulia. Alikuwa anasikiliza kama kengele itapigwa.

Tangu siku ile hofu yake ikawa hiyo moja. Na alipoambiwa hospitalini Same kwamba moyo wake umepanuka, hofu ikahamia kwake moja kwa moja. "Fundi," aliniambia, "sitaki kufukiwa kimyakimya kama kuku aliyekufa kwa kideri." Jumapili hakukosa ibada. Alikaa benchi la mwisho, na wenzake walipokwenda mbele kupiga magoti yeye alibaki nyuma akiitazama mito, akitafuta upi umeanza kulala. Ukilala aliuchukua nyumbani akautengeneza. Baraza halikuwa na neno juu ya hilo. Walikuwa wametenga magoti yake tu, mikono yake bado waliihitaji.

Mwaka huu tulikarabati kanisa. Tuliitisha msaragambo, ile kazi ya pamoja, na kijiji kizima kilitoka, hata jirani zetu Wasabato walikuja kubeba mchanga. Tukaweka vigae. Nikatengeneza uzio mpya na mabenchi mapya. Mito nayo ikatakiwa mipya, ya mahameli nyekundu. Mchungaji Daudi, kijana aliyeletwa kwetu juzijuzi, akasema sponji inapatikana kwa urahisi Same mjini. Eliwaza akasema sponji hashoni.

"Sufi ya kutosha utaipata wapi, mama?" Mchungaji akamuuliza.

"Ndungu," akajibu.

Bi Zaituni ana misufi nyuma ya nyumba yake. Yeye na Diana waliichuma sufi wakaijaza kwenye magunia, wakayapakia kwenye gari la abiria. Naftali aliyakuta magunia barazani kwa Eliwaza, akasimama akayatazama kama mtu aliyemkuta ng'ombe wa jirani shambani kwake.

"Shemeji, sufi ya nani hii?"

"Ya mti."

"Mti wa nani?"

"Aliyeuotesha ni Mungu, aliyeichuma ni mkwe wangu. Wewe utaipigia goti tu, shemeji. Hujaambiwa uioe."

Nilikuwepo, na nilicheka mpaka nikatafuta pa kukaa. Naftali hakucheka. Lakini siku mbili tatu baadaye alirudi, na safari hii alikuwa na jambo jema mdomoni, au yeye aliliona jema. Baraza limekubali, alisema. Siku ya kuiweka wakfu mito mipya, Eliwaza atarudishwa kundini, na yeye ndiye atakuwa wa kwanza kuipigia goti. Ataulizwa kama anakiri kosa la kumtoa binti nje ya kanisa, naye atajibu anakiri. Na ule mkaja aulete. Auweke juu ya uzio wa madhabahu, watu waone kwamba ameuacha.

"Ukiuweka pale tu, yamekwisha," Naftali alimwambia. "Na siku yako ikifika, shemeji, kengele nitaipiga kwa mkono wangu mwenyewe." Machozi yalimlengalenga. Nadhani alikuwa anamkumbuka Elinaza.

Eliwaza akakubali.

Alipoimaliza mito aliileta karakanani kuijaribu. Ilikuwa mizuri, imejaa, mshono wake huuoni. Aliipigia goti mmoja baada ya mwingine, na alipofika wa mwisho hakuinuka.

"Nitasema tu, fundi," alisema akiwa palepale chini. "Neno lenyewe moja. Litaniua?"

"Halikuui, Mama Diana."

"Na Diana hatajua. Yuko Ndungu na watoto wake."

"Atajuaje?"

"Ile khanga sijawahi hata kuivaa. Imekaa sandukuni tangu siku ile." Akashika kifua kama anavyofanya moyo ukimsumbua. "Mimi nataka kengele, fundi. Sitaki makubwa."

"Basi sema," nilimwambia. "Maneno ni upepo, yanapita." Nilimaanisha nilichosema. Nilishatengeneza jeneza moja la watu wale na sikutaka la pili liwe kama lile.

Jumapili ilipofika ukungu ulikuwa umeshuka kutoka mlima Shengena mpaka kwenye madirisha ya kanisa. Eliwaza aliwahi kuja. Alikuwa amejitanda ile khanga mabegani, na mikunjo ya sandukuni bado ilionekana mgongoni. Watu wakaanza kunong'ona, kwa sababu habari ilishaenea kwamba leo anaileta. Naftali alimpokea mlangoni kwa mikono miwili, akampeleka benchi la mbele kabisa, mahali ambapo hakuwa amekaa tangu atengwe.

Mimi nilikuwa mlangoni nawaelekeza watu kwenye mabenchi mapya. Bodaboda mbili zikapanda na kusimama kwenye tope, wakashuka wanawake wawili. Nikawatambua. Mmoja alikuwa Diana. Wa pili alikuwa mkwewe, Bi Zaituni.

"Shikamoo, fundi," Diana akasema, anafuta tope kwenye gauni.

"Marahaba, mwanangu. Mmekuja?"

"Mama hakutuambia chochote! Tumesikia kwa dereva aliyeipandisha sufi kwamba leo ndiyo siku ya mito."

"Nimekuja kuiona sufi yangu ikibatizwa," akasema Bi Zaituni huku akicheka, anavua viatu mlangoni kwa mazoea ya kwao. "Nimeilea mwenyewe, mtaibatizaje mimi sipo?"

Nilitaka kuwarudisha. Nilitaka kusema ibada imeahirishwa, mchungaji anaumwa, chochote. Lakini kwaya ilishaanza kuimba. Nikawakalisha benchi la mwisho, nami nikakaa kando yao.

Diana alimwona mama yake kwa mgongo. Akamshika mkwewe mkono. "Mama, tazama. Ameuvaa mkaja."

Bi Zaituni akaweka kiganja kifuani. "Alhamdulillahi," akasema polepole. "Mimi nilidhani alishautupa."

Diana akaanza kulia, kilio cha furaha, anajifuta kwa ncha ya mtandio. Miaka yote alikuwa anajua mama yake alifunga mlango. Sasa alidhani mlango umefunguliwa. Nami nilikaa pale nikiangalia vigae, kwa sababu nilijua khanga ile imeletwa kanisani kufanya nini, na sikuwa na namna ya kumwambia.

Mchungaji Daudi aliiombea mito, akanyoosha mkono juu yake, ikawekwa wakfu. Kisha akamwita Eliwaza. Alikwenda bila kutazama nyuma. Akapiga magoti juu ya mto wa katikati, na hata kutoka kule nyuma niliona goti lake likitikisika huku na huku. Alikuwa bado anatafuta mbegu.

Mchungaji akasoma kwenye karatasi: "Eliwaza, je, unakiri mbele za Mungu na mbele ya usharika huu kwamba ulikosa kwa kumtoa mwanao Diana katika ndoa iliyo nje ya kanisa?"

Kando yangu kilio kilikatika. Bi Zaituni aliuliza kwa sauti ya chini, "Amesema nini kuhusu Diana?"

Kule mbele Eliwaza aliivua khanga mabegani. Akaikunja vizuri, akaiweka juu ya uzio. Mkono wake ukabaki juu yake.

Diana akasimama ili atoke. Benchi langu jipya, ambalo mbao zake hazikuwa zimekauka sawasawa, likalia kwa nguvu kanisa zima likasikia. Eliwaza akageuka, akamwona mwanawe amesimama, macho mekundu, na nyuma yake Bi Zaituni miguu mitupu. Sijawahi kuona uso wa mtu ukiwa vile, na sitaki kuuona tena. Diana naye alishindwa kuondoka. Alisimama tu.

"Mama, jibu," Mchungaji akamwambia kwa upole.

"Nakiri," Eliwaza akasema. Naftali akashusha pumzi. "Nakiri kwamba siku ya harusi ya mwanangu nilifunga mlango nikakaa jikoni. Alikuwa ananitafuta kwa macho na mimi sipo. Niliogopa watu. Hiyo ndiyo dhambi yangu, Mchungaji, na ndiyo ninayoitubu."

Naftali aliinuka nusu. "Shemeji, hilo silo uliloulizwa."

"Nimelisikia nililoulizwa."

Mchungaji Daudi aliitazama karatasi, akamtazama Naftali, akamtazama mama aliyepiga magoti mbele yake. Kijana wa watu alikuwa anatoka jasho katika baridi ile. "Na lile lingine, mama? La kumtoa binti?"

"Hilo sina. Nilimtoa kwa mtu mwema na kwa watu wema. Nikisema natubu hilo nitakuwa namdanganya Mungu, tena nikiwa nimepiga magoti."

Nasema kweli, pale nilimwombea yule mchungaji. Nilimwombea aweke mkono kichwani kwa yule mama, basi, mengine tugombane nje. Alikuwa karibu sana. Aliunyanyua mkono. Lakini alikuwa mgeni, na baraza zima lilikuwa limekaa linamwangalia. Mkono ukashuka, akamshika Eliwaza kiwiko akamsaidia kuinuka. "Basi mama," akasema, "tutaongea tena kwenye baraza." Baraza hilo mpaka leo halijakaa.

Eliwaza aliichukua khanga yake kwenye uzio, akajitanda, akatembea katikati ya mabenchi yote mpaka la mwisho. Nikasogea. Akakaa kati ya Diana na Bi Zaituni. Diana akamshika mkono. Watu walipoanza kwenda mbele kupokea, Eliwaza akalia, na safari hii hakujizuia. Hakuna aliyemuuliza analilia nini. Binti yake alikuwa amempata, na kengele alikuwa ameipoteza, na yote mawili aliyajua.

Naftali alikuwa wa mwisho kupiga magoti, tena kwenye mto uleule wa katikati. Ni mtu mzito, na siku ile alishuka kwa kishindo, sijui ni kwa hasira au ni kwa huzuni. Mshono ukafumuka. Sufi nyeupe ikatoka ikatambaa kwenye vigae vipya. Aliiona, akafumba macho, akapokea hivyohivyo.

Ibada ilipokwisha watu walitoka nje kula. Eliwaza alitoa shazia kwenye mkoba wake akaenda mbele. Alipiga magoti kwenye vigae vitupu kando ya ule mto, akaanza kuikusanya sufi kwa vidole na kuirudisha ndani. Diana akamfuata. Mimi nilikuwa nafunga madirisha, na ninakiri nilikuwa nayafunga polepole.

Diana aliuchukua mto mwingine akausogeza kwenye magoti ya mama yake. Eliwaza akausukuma pembeni.

"Huo umeshawekwa wakfu," akasema. "Ni wa wanaopokea."

"Mama, sakafu ni ya baridi. Na moyo wako huo."

"Nimesema ni wa wanaopokea, Diana. Urudishe mahali pake."

Naftali alikuwa mlangoni, kofia mkononi. Alikuwa amekuja kusema neno, nadhani, na alilisikia lile lililosemwa. Hakuingia, wala hakuondoka.

Bi Zaituni alikuwa bado kwenye benchi la mwisho. Aliinuka akaja mbele, miguu mitupu kwenye vigae, polepole, maana naye magoti si ya msichana. Alimfikia mkwe mwenzake, akamvua ile khanga mabegani bila kuomba ruhusa. Akaikunja mara kadhaa mpaka ikawa nene, akainama kwa taabu akaiweka sakafuni.

"Inua goti," akasema. "Hii ni yako. Niliiweka mimi mikononi mwako, hakuna wa kukuuliza."

Eliwaza aliitazama. Kisha akainua goti moja, akainua na la pili, akashuka juu ya mkaja wake. Alilitikisa goti kidogo huku na huku, kwa mazoea. Halafu akatunga uzi kwenye shazia, akauvuta mto wa Naftali mapajani, akaendelea kuushona.